Dawati Lililoandika Kinyume

Mjukuu wangu ana miaka 11, na ndiye aliyeiua riwaya yangu. Nilimpa sura tatu za mwanzo azisome wakati wa likizo, nikijiona mkarimu. Ilikuwa hadithi ya Tumbawe, mji usiokuwapo katika ramani yoyote, uliojengwa chini ya bahari kwa mawe yaliyo hai, na ndani ya ikulu ya mji huo palikuwa na dawati la ajabu. Makatibu saba wa mfalme walilizunguka kila alfajiri. Mfalme akiwaza, kalamu inainuka peke yake. Akighadhibika, wino unageuka mwekundu. Akilala, dawati linaziandika ndoto zake. Nililipenda dawati hilo kupita kiasi. Nilitumia kurasa 9 nzima kulivisha lulu na marijani, kama bibi harusi anayecheleweshwa na wapambaji hadi wageni wanaanza kusinzia.

Siku ya pili akaja na daftari mkononi. Alikuwa ameandika maswali.

"Babu, kama dawati linaandika lenyewe, hao makatibu saba wanalipwa kwa kazi gani?"

"Wanalilinda."

"Wanalilinda na nani, na lenyewe lina uchawi?"

"Basi wanayasoma yaliyoandikwa."

"Kwani mfalme hajui kusoma?"

Nikamtuma akamsaidie bibi yake kuchambua mchele. Yeye akaenda, swali likabaki. Usiku nikaupitia mswada wangu kuanzia mwanzo, na kila nilipofika kwa makatibu wale saba niliwaona wamesimama mikono nyuma, hawana la kufanya, kama wapambe wa shughuli ambayo mwenyewe hakutokea.

Kilichonikera zaidi ni kwamba jibu nilikuwa nalo tangu utoto. Mimi nimewahi kukaa kando ya dawati la uchawi. Nililifuta vumbi, nikalibeba kichwani asubuhi na jioni, na kwa karibu mwezi mzima niliamini kwa moyo wangu wote kwamba ndani yake alikaa jini anayejua kuandika.

Lilikuwa la babu yangu mzaa mama, mjini Tanga. Babu alikuwa mwandishi wa barua za watu. Walimwita Karani, wengine Mzee Karani, ingawa ukarani wa ofisini aliuacha kabla sijazaliwa. Kituo chake kilikuwa chini ya mkungu, hatua chache kutoka posta. Palikuwa na mkeka wake, kiti kimoja cha mteja, na dawati.

Neno lenyewe siku hizi limechoka. Ukisema dawati, mtu anafikiri benchi la shule, lile ambalo kila mwaka tunaambiwa halitoshi. Polisi nao wana Dawati la Jinsia na Watoto, ambalo ni ofisi nzima yenye milango na mafaili. Lakini wazee wetu walipotaja dawati walimaanisha kisanduku cha vyombo vya kuandikia, na huko kwa Waarabu tulikolitoa, neno hilo ni kidau cha wino tu. Kidau kikawa kisanduku, kisanduku kikawa meza, meza ikawa ofisi. Sijui neno jingine lililopanda vyeo namna hiyo bila kurudi shule.

La babu lilikuwa la zamani kwa sura na kwa maana. Kisanduku cha msaji, pembe zake zimeshikwa kwa shaba, mfuniko wake ukifunguliwa unalala mteremko na kuwa ubao wa kuandikia, umetandikwa kitambaa cha kijani kilicholika katikati kama kichwa cha mwenye upara. Juu palikuwa na matundu mawili ya vidau, mfereji wa kuwekea kalamu, na chini kidroo chembamba. Alilinunua kwa Mhindi mmoja aliyefunga duka la nguo. Makarani wa hesabu wa Kihindi walikuwa wakikaa chini kwenye godoro, miguu wameikunja, dawati la namna hiyo mbele yao. Babu naye alikaa vivyo hivyo. Nilimwuliza kwa nini hatafuti meza ya miguu minne kama ya posta. Akasema mtu aliyesimama mbele ya meza anatoa maelezo, na mtu aliyekaa anatoa habari, na yeye alikuwa akiuza habari.

Wateja wake wengi walitoka mashambani. Mwaka 1893 Mjerumani mmoja, Richard Hindorf, alileta miche ya mkonge kutoka Florida, ikapandwa Kikokwe, upande wa Pangani. Iliyosalimika ilikuwa 62. Nikitazama nyuma naona kwamba miche ile 62 ndiyo iliyotulisha sisi. Kutoka kwayo yalitokea mashamba ya Tanga nzima. Mashamba yakataka watu. Watu wakaja kutoka Songea, Kigoma, Burundi, na ng'ambo ya Ruvuma kwa Wamakonde, wakaitwa manamba kwa sababu ya namba walizopewa. Na mtu aliye mbali na kwao lazima siku moja ataandika barua. Asiyejua kuandika alimfuata babu. Thumuni kwa barua peke yake. Ukitaka na bahasha, unaongeza. Stempu unajinunulia mwenyewe ndani, na wakati ule stempu moja bado ilibeba majina ya nchi tatu, Kenya, Uganda na Tanzania, kama ndugu waliolala kitanda kimoja na kila mmoja anavuta shuka.

Nilianza kumsaidia nikiwa na miaka 11, likizo ya Desemba ya 1976. Kazi yangu ilikuwa kubeba dawati, kuchota maji, kujaza wino na kunyamaza. Hiyo ya mwisho ndiyo iliyonishinda.

Barua ya siku zile ilikuwa na ada zake. Mtu hakurupuki na shida yake. Anaanza na salamu nyingi, kisha hali yake ni njema, hofu na mashaka ni juu yako wewe uliye mbali na upeo wa macho yake. Halafu inakuja "ama baada ya salamu", na madhumuni ya barua hii ni kukujulisha hili na lile, yaani mvua, bei ya unga, nani kaoa, nani katangulia mbele ya haki. Mwishoni ni orodha ya watu wa kusalimiwa, na ole wako umsahau shemeji. Babu aliyajua hayo kama mswali anavyojua rakaa zake, na mkono wake ulikuwa ukienda mbele ya mdomo wa mteja. Nikadhani kuwa mwandishi wa barua ni kuhifadhi maneno hayo tu. Nilikuwa nimeshayahifadhi katika siku nne.

Siku ya tano nikagundua jambo. Kila barua babu aliiachia nafasi tupu chini, kabla ya wasalaam, upana wa vidole vinne. Alivilaza vidole vyake pale kabisa, akapima. Kisha akamsomea mteja barua yote tangu juu. Mteja akaridhika, akafungua fundo la kanga au akaingiza mkono mfukoni, akalipa, akasimama, akajipangusa mchanga. Akapiga hatua moja. Halafu akageuka.

"Karani, hebu niongezee neno."

Karibu kila mmoja. Na neno hilo la kuongeza ndilo lililomleta. Kule juu alisema hali ni njema, huku chini anataka kujua kama mtoto aliyezaliwa baada ya yeye kuondoka amefanana na nani. Kule juu alimsalimia kaka yake kwa heshima zote, huku chini anamwambia shamba la marehemu baba hakulisamehe. Vidole vinne vilitosha. Babu hakuuliza swali, hakusema "kumbe!", wala hakuinua macho. Aliandika, akachukua kikaushio, akakipitisha juu ya wino mara moja, akakunja karatasi.

Sitaki kumfanya babu yangu walii. Alikuwa na kiburi cha mwandiko, na alizichukia kalamu za biki kwa chuki ya dini. Alisema wino wa biki ni mafuta, haulowi karatasi, unapita juu kama mtu anayesalimia huku anatembea. Na alikuwa bahili, jambo ambalo litatuletea balaa sasa hivi. Lakini alikuwa na mipaka. Walikuja watu waliosikia sifa za dawati wakataka awaandikie kombe, yaani aya zinazoandikwa kwa zafarani na marashi juu ya sahani, zikaoshwa, mgonjwa akanywa. Babu alikuwa akiandika hati za Kiarabu vizuri tu. Barua za wazee wengine aliziandika kwa hizo. Akawaelekeza kwa walimu wanaojua kazi hiyo. "Wino wangu," aliwaambia, "ni wa kusomwa. Wa kunywewa sinao." Wakaondoka wakiamini zaidi kwamba dawati lina kitu, na babu amekatazwa kukifichua.

Mimi nilikuwa miongoni mwa walioamini. Nami nilikuwa na ushahidi.

Katika kile kidroo chembamba babu aliweka kikaushio chake, karatasi nene ya rangi ya waridi, imelala juu ya kibao. Asubuhi moja nikifuta vumbi nikaivuta nje. Ilikuwa imejaa maandishi. Mistari ilianzia kulia ikaenda kushoto. Mimi nilikuwa mtoto wa chuoni, nimeshavuka juzuu kadhaa, najua vizuri ni maandishi gani yanayoanzia kulia. Nikatafuta alifu, sikuiona. Nikatafuta be, sikuiona. Hazikuwa herufi za msahafu na hazikuwa herufi za shule. Zilikuwa zimeinama upande usio wake, mikia yao imegeuka, kama watu wanaotembea kinyumenyume. Nikahitimisha kama ambavyo mtoto yeyote wa Tanga angehitimisha: babu akishaandika barua ya binadamu, jini naye anaandika ya kwake.

Nikaiiba. Niliikunja ndani ya shati hadi nyumbani, nikaingia chumbani kwa mama, nikasimama mbele ya kioo cha kabati kuitoa taratibu isichanike. Nikainua macho. Ndani ya kioo, kifuani pangu, karatasi ilikuwa ikizungumza Kiswahili.

Leo naweza kueleza kilichotokea, na maelezo hayajapunguza ajabu yake hata kidogo. Wino wa maji haukauki mara moja. Barua ikichukua nusu saa kuandikwa, salamu za juu zinakuwa zimeshakauka zenyewe kabla ya kufika chini. Kikaushio kikipita, hakipati chochote huko juu. Kinanyonya pale palipo pabichi tu, mistari ya mwisho. Kwa hiyo karatasi ile ya waridi haikuwa na "hali yangu ni njema" hata moja. Ilikuwa imekusanya vidole vinne vya kila mteja, juma baada ya juma, kimoja juu ya kingine, neno la huyu limepanda juu ya neno la yule. Dawati la babu liliacha salamu zipite likabakiza siri. Sijaona bado katika hekaya yoyote chombo cha uchawi kilichotengenezwa kwa akili kama hiyo, na hiki kilitengenezwa na ubahili, kwani kikaushio kilipaswa kutupwa kikijaa, na babu hakutaka kutoa senti nyingine hadi kiwe hakinyonyi kabisa.

Sehemu iliyosomeka vizuri ilikuwa ile ya juzi yake. Niliutambua mwandiko wa babu uliogeuzwa, na maneno nikayatambua ni ya nani, maana ni ya mama mmoja aliyekuja na ndoo ya vitumbua mkononi. Alikuwa akiuza vitumbua mtaani kwetu. Alikuwa akimwandikia kaka yake Mombasa. Chini alimwomba ampangie chumba, atakuja na watoto wawili, na asimwambie mtu yeyote wa upande wa mume.

Sikuwa na nia mbaya. Nilitaka tu kumthibitishia mwenzangu kwamba dawati linasema. Tulikuwa tunacheza gololi, akanicheka, akasema majini hayajui Kiswahili. Nikamwambia yanajua, na yanajua hata mama wa vitumbua anahamia Mombasa. Mwenzangu huyo alikuwa mtoto wa dada wa mume wa mama yule. Nilikuwa nalijua hilo, kama unavyojua mambo ukiwa na miaka 11. Yapo kichwani lakini hayajafungwa pamoja.

Kufikia Isha habari zilikuwa zimefika.

Mama yule hakupigwa, alhamdulillahi, au kama alipigwa hatukusikia. Wazee wa pande zote mbili walikaa kikao. Wakamsihi asubiri, atulize moyo, mambo ya ndoa hayaamuliwi kwa barua, mwezi au miwili tu kisha watayatazama upya. Akasubiri. Februari 1977 serikali ikaufunga mpaka na Kenya. Jumuiya ya Afrika Mashariki ilikufa mwaka huohuo, na mpaka haukufunguliwa hadi 1983. Kutoka Tanga hadi Horohoro, mpakani, si safari ndefu, na Mombasa iko huko mbele, watu wetu na wa huko wanaoana tangu enzi na enzi. Ghafla ikawa mbali kama Tumbawe.

Babu alijua ndani ya siku moja tu kuwa siri imetokea kwenye dawati lake. Aliifungua droo, akaona kikaushio hakipo, akanitazama. Sikupigwa. Alinishika mkono tukaenda hadi pale mama yule alipokuwa ameweka jiko lake. Babu alivua kofia. Sijapata kumwona akiivua mbele ya mtu barabarani, kabla ya hapo wala baadaye. Akasema kosa la kwanza ni lake, alibana senti 10, na kosa la pili ni la mjukuu wake, na yote mawili anayabeba yeye. Mama wa vitumbua hakumkatiza. Aligeuza vitumbua vyake kimoja baada ya kingine kwa kile kijiti, kwa uangalifu mkubwa, hadi duara lote likaisha.

"Yameshamwagika, Mzee," alisema. "Sasa nani atayazoa?"

Akanipa kitumbua. Nilikila njiani na hakikushuka.

Tangu siku ile kulikuwa na sheria mpya mbili. Kikaushio kilichomwa kila jioni, na mchomaji ni mimi. Ilinibidi nikae nacho hadi kiwe jivu lote, kisha nilisugue jivu kwa kisigino. Na mteja akikaa, mimi nageuka, naipa barua mgongo, natazama barabara. Nilitazama barabara miezi mingi, kila Jumamosi na kila likizo. Nayajua mabasi yote yaliyopita Tanga katika mwaka wa 1977.

Nilipokuwa mtu mzima nikaanza kuwaangalia waandishi kwa jicho hilo la mtunza siri. Shaaban Robert, kwa mfano. Tunamsoma shuleni kama mshairi na mwanafalsafa, na ni haki yake, lakini maishani alikuwa karani: aliingia kazi ya forodha mwaka 1926, akatumikia ofisi za serikali ya kikoloni miaka na miaka, na Tanga ilikuwa kwao. Mwaka 1951 akatoa Kusadikika, nchi inayoelea angani, ambako kijana Karama anashitakiwa kwa kufundisha uanasheria na kujitetea kwa habari za wajumbe waliotumwa pande sita za ulimwengu. Kila ninapoisoma najiuliza ni nyaraka ngapi zilipita mikononi mwa karani yule, majalada ya watu waliokuja na malalamiko wakaambiwa njoo kesho. Asingeweza kuyasema ya jalada lolote. Basi akaipeleka nchi yake hewani, na huko akawapa wajumbe nafasi ya kusema hadi mwisho. Nadhani, na hili ni langu mwenyewe, kwamba nchi za kubuni huwatoka zaidi watu wanaotunza siri za kweli. Mropokaji hana haja ya kubuni.

Au Muhamadi Kijumwa wa Lamu, aliyefariki 1945. Mikono yake ilichonga milango, na mikono ileile ilinakili tenzi kwa hati za Kiarabu. Wataalamu wa Ulaya, kina Alice Werner, William Hichens na Ernst Dammann, walimtegemea kwa nakala nyingi. Fundi seremala na katibu katika mtu mmoja! Huyo angeweza kulitengeneza dawati na kulitumia. Mlango na mswada si mbali sana, ukifikiria: vyote viwili vinapambwa upande wa nje na thamani yake iko katika kujua nani umfungulie.

Nikalirudia dawati la Tumbawe. Niling'oa lulu zote. Kurasa 9 zikabaki mbili. Nikaliondolea kalamu inayoinuka yenyewe, maana mkono wa mtu ukishatolewa hakuna tena wa kukosea, na hadithi isiyo na wa kukosea inakwenda wapi? Sasa dawati haliandiki kitu. Makatibu saba ndio wanaoandika, kwa jasho, na vidole vyao vyeusi. Dawati linakumbuka tu. Kila barua inayoandikwa juu yake, ubao unahifadhi mistari ya mwisho, kinyume, na mistari hiyo haifutiki hadi katibu aichome mwenyewe jioni bila kuitazama. Kila kikao cha baraza mfalme anawauliza kwa upole kama hawajaona chochote cha kumpendeza. Mshahara wao ni mkubwa.

Nikampelekea mjukuu wangu. Alisoma amelala kifudifudi ukumbini, miguu juu, anatafuna kashata. Nilijifanya nasoma gazeti.

"Kwa hiyo wanalipwa wasisome," alisema.

"Ndiyo."

Akafikiri. "Na mmoja akisoma?"

Nikamsimulia. Sikuwa nimewahi kumsimulia mtu, hata mama yake. Nilipofika kwenye kitumbua akaacha kutafuna. Kisha akaniuliza swali ambalo hakuwa ameliandika daftarini: mama yule alifanya nini baadaye?

Nilimwambia ninachokijua. Miaka ile nchi nzima ilikuwa katika kisomo. Mwalimu Nyerere aliutangaza mwaka 1970 kuwa mwaka wa elimu ya watu wazima, na kampeni ikaendelea kwa nguvu. Jioni ungewakuta wavuvi na mama lishe wamebanwa kwenye madawati ya watoto wao, magoti yamegusa kidevu, wanatamka silabi kwa sauti. Wasiojua kusoma, waliokuwa asilimia 67 ya watu wazima mwaka 1967, walihesabiwa kuwa asilimia 39 mwaka 1975. Kila aliyefaulu alikuwa mteja mmoja pungufu chini ya mkungu. Babu aliliona hilo na sikumsikia akinung'unika, ila aliacha kununua wino wa chupa kubwa.

Mama wa vitumbua alikuwa amejiandikisha kisomo mwaka uleule wa mpaka kufungwa. Hakuwa amefika tena kwenye dawati letu tangu siku ile. Kisha Jumamosi moja nikasikia sauti yake nyuma yangu.

"Shikamoo, Mzee Karani. Nauziwa bahasha?"

"Marahaba, mwanangu. Bahasha ipo. Na karatasi?"

"Barua ninayo. Nimeiandika."

Kimya kidogo. Nilikuwa nimekwisha kugeuka, kwa mujibu wa sheria, natazama barabara. Nikasikia babu akifungua mfuniko, akilisukuma dawati kwenye mkeka kuelekea upande wa mteja, jambo ambalo hakuwahi kulifanya kwa mtu. Mkeka ukalia alipojizungusha naye pia. Sasa tulikuwa wawili, babu na mimi, bega kwa bega, tunatazama basi la Muheza likipakia abiria.

Kalamu ikaanza kukwaruza. Ilikwenda polepole mno. Ilisimama, ikaenda, ikasimama tena mahali ambapo bila shaka palikuwa na herufi ngumu. Basi lilijaa, likaondoka, jingine likaingia. Nikasikia kidroo kikivutwa, halafu kikirudishwa taratibu bila kutolewa kitu.

Kisha akaanza kuupuliza wino, kwa pumzi ndefu, moja baada ya nyingine, hadi ukakauka wenyewe.